Faili Kumi na Moja

Wilkista Aluoch alikuwa amefanya kazi miaka tisa katika ofisi ya rekodi ya hospitali ya misheni ya Kapkoimur, na kwa miaka miwili ya mwisho ndiye peke yake aliyegusa kompyuta. Si kwamba wengine walikatazwa. Waliiogopa tu. Mashine ilikaa juu ya meza karibu na dirisha, imefunikwa kitambaa alichokifuma mwenyewe kwa uzi wa buluu, na nje ya dirisha mashamba ya chai yaliteremka mpaka mtoni, kisha yakapanda tena ng'ambo.

Kazi kubwa ya ile kompyuta ilikuwa rejista ya damu. Friji ya maabara haikuweza kuweka damu nyingi, kwa hiyo hospitali iliweka watu badala yake: wachumaji chai, walimu, madereva wa trekta, akina mama wa kanisa, mia tisa na zaidi, waliokubali kuitwa wakati wowote damu yao ikihitajika. Kila mmoja alikuwa na jina lake mle ndani, kundi lake la damu, mahali anapoishi na simu ya ofisi iliyo karibu naye. Zamani hayo yote yalikuwa kwenye kadi, ndani ya masanduku ya viatu. Wilkista alizipiga chapa moja moja kwa miezi saba. Mwezi wa Machi mwaka huo wa 1999 kadi zikachomwa nyuma ya jiko, kwa sababu panya walikuwa wameanza kuzitafuna na kwa sababu sasa kila kitu kilikuwa kwa mashine. Aliyewasha kiberiti alikuwa yeye.

Mwezi wa Juni hospitali ilipewa printa mpya, ikakataa kuchapa. Bosire, fundi wa kompyuta mwenye duka dogo mjini Kericho, alimwachia Wilkista sidii moja ya programu.

"Hii inatafuta yenyewe draiva, zile programu za kuendesha printa," alimwambia. "Unaweka, inaangalia mashine yote, inarekebisha. Ikikuuliza kitu, wewe sema yes."

Jumanne asubuhi akaiweka. Kidirisha cha kijani kilitokea, kikazunguka, kikaanza kuuliza maswali. Lilikuwa swali moja likirudiwa: faili iliyopo kwenye mashine ni mpya kuliko hii inayoingia, je, unataka ibadilishwe? Mara ya kwanza Wilkista aliinua kidole kutoka kwenye kipanya. Mpya iondolewe, ya zamani iingie? Lilimkaa vibaya. Lakini Bosire ndiye aliyesomea mambo hayo, naye alikuwa amesema. Akabonyeza yes. Alibonyeza mara kumi na moja; alihesabu kwa kuwa ilianza kumchekesha. Printa ikaguna, ikatoa karatasi yenye rangi zote. Aliibeba mpaka wodini akamwonyesha Sista Tecla, muuguzi mkuu, nao wakaisifu pamoja. Siku hiyo hapakuwa na haja ya kufungua rejista.

Kesho yake, saa nne na dakika chache, Sista Tecla aliingia ofisini bila kubisha. Mikono yake ilikuwa na glavu, na glavu zilikuwa nyekundu.

"Kuna mama ametoka Chebunyo na pikap," alisema. "Anaitwa Caren. Amezalia nyumbani jana jioni, damu haijasimama. Ni O negative. Nipe majina."

"Jamaa zake je?"

"Isaiah wa maabara amewapima wote. Bwana yake, mama mkwe, shemeji. Hakuna. Na hatuwezi kumpa positive, ameshaharibu mimba moja kwa sababu ya hiyo damu. Mwili wake utaikataa. Isaiah aliichanganya na yake juu ya kigae, ikashikana vipande kama maziwa yaliyoharibika. Haraka, Wilkista."

Wilkista alivuta kitambaa, akabonyeza kijipicha cha rejista mara mbili. Skrini ikabaki ilivyo. Kisha kikatokea kisanduku cha kijivu chenye msalaba mwekundu, na maneno kwamba programu imeomba kitu ambacho hakimo katika faili iitwayo CTLGRD32.DLL. Akabonyeza OK. Kisanduku kikaondoka na hakuna kilichofuata. Akabonyeza tena. Kisanduku kikarudi.

"Nini?" aliuliza Sista Tecla.

"Inakataa kufunguka."

"Jana ilikuwa inafanya."

Wilkista aliigeukia printa. Jana hakuwa ameifungua. Jana alikuwa ameingiza sidii.

Akafanya lile aliloona ni la busara. Kama sidii ndiyo iliyoharibu, basi iondolewe. Alitafuta ile programu ya draiva, akaiamuru ijifute. Ikauliza kama ifute na faili zake zote, akasema ndiyo. Ilijifuta kwa nusu dakika. Akafungua rejista kwa mara ya tatu, na safari hii kisanduku kilisema kitu kingine: faili CTLGRD32.DLL haionekani kabisa.

Akashika kingo za meza. "Nimeimaliza," alisema kwa sauti ndogo.

"Umemaliza nini?"

"Sijui, Sista. Nimeongeza ubaya."

"Si kuna ile disketi unaweka nakala kila Ijumaa?"

"Iko. Lakini majina yaliyo ndani yanafunguliwa na programu hiihii."

Sista Tecla aliitazama mashine, kisha akamtazama yeye. "Umeandika watu mia tisa kwa mkono wako. Huwezi kukumbuka hata O negative mmoja?"

Wilkista alifumba macho. Alikumbuka mmoja. Alikumbuka Mokaya, dereva wa trekta, kwa sababu alikuwa akija na mahindi ya kuchoma kila alipotoa damu. Mokaya alizikwa Desemba. Wengine walikuwa mistari tu, mistari mia tisa iliyopita vidoleni mwake ikaenda.

"Hakuna," alisema.

Sista Tecla alitoka mbio. Alimwambia Isaiah apime kila aliye na mkono ndani ya ua wa hospitali: wapishi, wafagiaji, wageni, waliokuja kung'olewa meno. Wilkista akashika simu.

Dukani kwa Bosire mkewe alisema ameenda Londiani kurekebisha mashine za ofisi ya kampuni moja ya mbao, akatoa namba. Simu ya Londiani ililia muda mrefu. Hatimaye Bosire mwenyewe akaja kwenye simu. Wilkista alimweleza yote, akamaliza na kule kufuta. Upande wa pili kiti kikakwaruza sakafuni.

"Bosire?"

"Nasikia, dada. Nilikuwa nakaa chini." Alishusha pumzi. "Ile programu ya draiva inakuja na laibrari zake. Hizo faili za DLL. Laibrari ni faili ambayo programu nyingi zinatumia pamoja, haina mwenyewe. Sasa hii ilipoingia imeweka zake za zamani mahali pa zile mpya. Yenyewe inafanya kazi vizuri. Rejista yako ndiyo imekuja kuita ile mpya, ikapata ya zamani isiyojua inachoulizwa. Na ulipofuta, imeondoka hata na hiyo ya zamani."

"Sikuelewa. Nilisema yes kwa sababu ulisema."

"Najua nilisema."

"Kuna mama anakufa hapa."

"Mimi nikitoka hapa sasa nafika kwako saa tisa. Usiningoje. Kiwanda cha chai cha chini, kwa karani anaitwa Lazarus, kuna kompyuta niliyoiweka wiki moja na yako. Sijawahi kuweka hii sidii huko. Hiyo faili iko, na ni ile ya kweli. Inaingia kwa disketi moja. Andika ninachosema."

Hakupata karatasi. Aliandika kwenye kiganja, jina la faili na mwaka wake, 1998, na chini yake amri ya kuirudisha kupitia skrini nyeusi ya kuandikia amri, kwa kuwa Bosire alisema ndani ya Windows inaweza kukataa.

Ambulansi ilikuwa imeenda Nakuru. Mbele ya wodi ya wanaume palikuwa na pikipiki ya Mwinjilisti Kipkemboi, aliyekuja kila Jumatano kuwaombea wagonjwa. Yeye mwenyewe alikuwa ndio anaingia mlangoni, Biblia kwapani. Isaiah alikuwa akitoka maabara na sindano zake, akiita watu wapange foleni.

"Mwinjilisti, nipeleke kiwandani," Wilkista alisema. "Sasa hivi. Ni maisha ya mtu."

Kipkemboi hakuuliza. Alimpa mgonjwa wa karibu ile Biblia amshikie, akapiga teke pikipiki ikawaka.

Njia ilikuwa kilomita saba, na mvua ilikuwa imenyesha alfajiri. Wilkista alikuwa ameweka disketi katika mfuko wa plastiki, na mfuko ndani ya sweta, na mkono wenye maandishi ameukunja ngumi ili jasho lisifute. Mara mbili pikipiki iliteleza, wakashuka, wakaisukuma kwenye tope jekundu. Mara ya pili Kipkemboi aliuliza ni nini hasa wanaenda kuchukua.

"Faili," alisema Wilkista.

"Ya karatasi?"

"Hapana. Ya mashine. Bila hiyo siwezi kujua nani ana damu ya huyo mama."

Kipkemboi aliitikia kwa kichwa, akasukuma kwa nguvu zaidi.

Lazarus, karani wa kiwanda, alikuwa mtu wa makamo aliyependa kila jambo liende kwa barua. Alipomwona Wilkista ametapakaa tope mpaka kiunoni, aliacha habari ya barua. Walitafuta jina la faili kwenye mashine yake. Zilitokea mbili zenye jina lilelile, katika sehemu mbili tofauti, moja ya 1996 na moja ya 1998. Wilkista alifungua ngumi. Wino ulikuwa umetanuka lakini tarakimu ya nane ilisomeka. Lazarus alinakili ile ya 1998 kwenye disketi, na kwa dakika nzima wote wawili walisikiliza mashine ikikwaruza.

"Kama kuna lingine, piga simu," Lazarus alisema. "Sitatoka kwenye hii meza."

Waliporudi Kapkoimur ilikuwa saa sita imepita. Isaiah alikuwa amekaa kwenye benchi nje ya maabara, mikono magotini.

"Nimepima watu ishirini na watatu," alisema. "Hakuna hata mmoja. Yule mama bado yuko, lakini hasemi tena."

Wilkista alipita bila kusimama. Alizima Windows, akaingia kwenye skrini nyeusi, akapiga ile amri herufi kwa herufi kutoka kiganjani. Alikosea mara moja, akarudia. Mashine ikajibu kwamba faili moja imenakiliwa. Akaiwasha upya. Kuwaka kwake kulichukua muda ambao hakuwahi kuuona mrefu hivyo. Akabonyeza rejista, na rejista ikafunguka, nyeupe na ya kawaida, kama haikuwahi kukataa.

Sista Tecla alikuwa amesimama nyuma yake. Wilkista aliiomba rejista watu wa O negative. Majina kumi na manne. Akayapanga kwa umbali, walio karibu waje juu.

Mstari wa kwanza ulisema: BII WELDON KIPKEMBOI. Mwinjilisti. Kapkoimur. Mara ya mwisho kutoa: Februari 1999.

Aliusoma. Akausoma tena.

"Huyu ni," alianza Sista Tecla, na hakumaliza.

Wilkista aligeukia mlango uliokuwa wazi. Kipkemboi alikuwa kwenye bomba la ua, amekunja suruali, anaosha tope miguuni. Kwa saa moja na nusu alikuwa amemshika mtu yule kiunoni. Alikuwa amemtoa mlangoni pale Isaiah akipita na sindano, hatua kumi kutoka kwake, akampandisha pikipiki akampeleka mbali. Angemwacha aingie wodini, angekuwa wa nne au wa tano kwenye foleni.

Hakumbuki alivyofika nje. Anakumbuka tu kwamba alimshika mkono.

"Mwinjilisti, wewe ni damu gani?"

"O," alisema Kipkemboi.

"O gani?"

"O tu. Kuna gani nyingine? Walinipa kakadi, kakaoshwa na suruali." Akamtazama usoni, kisha akamtazama Sista Tecla aliyekuja nyuma, na maji yakaendelea kumwagika miguuni mwake. "Ni mimi?"

Sista Tecla alifunga bomba.

"Nilikuwa hapa," Kipkemboi alisema polepole. "Saa nne nilikuwa hapa."

Isaiah alimpima kwanza, kisha akamlaza na kuvuta damu. Wilkista alirudi kwenye simu akaanza kuita walio chini ya mstari wa kwanza. Wa pili alikuwa amehama. Wa tatu alikuwa Bilhah, mchumaji wa shamba la jirani na kiwanda. Lazarus alipokea simu kabla haijalia mara ya pili, akaenda mwenyewe kumtafuta kwenye mistari ya chai, na Bilhah akafika kwa lori la majani, aproni ya plastiki bado kiunoni.

Damu ya watu hao wawili ilimweka Caren hai. Lakini haikutosha peke yake. Daktari alimpeleka chumba cha upasuaji saa nane, na alipotoka alisema kwamba amelazimika kutoa kizazi ndipo damu ikasimama. Wilkista alimfuata kwenye korido.

"Daktari, kama angepata damu saa nne?"

Daktari alikuwa akivua kofia. "Sijui," alisema. "Na wewe usijiambie kwamba unajua."

Bosire alifika saa tisa na nusu na koti limelowa. Alikaa mbele ya kompyuta, akafungua orodha ya faili kumi na moja, akaziangalia moja baada ya nyingine na tarehe zake. Ile sidii aliitoa akaiweka mezani, akaitazama kama kitu kilichookotwa barabarani.

"Hii nimeipeleka ofisi sita," alisema. "Moja ni ya kliniki."

"Umewapigia?"

"Sikufikiria. Mpaka sasa hivi, nikikuambia, sikuwa nimefikiria." Uso wake ulikuwa umebadilika rangi. Akavuta simu kwake na kuanza kutafuta namba kwenye kijitabu, akipekua kurasa.

Jioni Wilkista alimwendea Sista Tecla, akasema kwamba ataandika barua ya kueleza alichokifanya, na kwamba wakitaka aache kazi ataacha.

"Andika," alisema Sista Tecla. "Nami nitaandika yangu, kwa sababu aliyesema kadi zichomwe ni mimi, na wewe uliniuliza mara mbili kama nina uhakika." Alikuwa amekaa kwenye kiti cha wagonjwa, viatu amevivua. "Sijawahi kufikiria kwamba kitu kinaweza kuwepo, kizima, hakijapotea, na usikipate."

Barua mbili zilikwenda kwa kamati ya hospitali. Wilkista hakufukuzwa. Iliamuliwa kwamba orodha ya damu ichapwe kwenye karatasi kila mwezi na kubandikwa maabara, na printa ile mpya ndiyo iliyofanya kazi hiyo.

Siku ya tano Caren aliweza kuzungumza vizuri. Wilkista aliingia wodini saa ya mchana, akavuta kiti. Hakuna aliyemtuma. Caren alikuwa na umri wa miaka ishirini na sita, uso mwembamba, na mtoto amelala ubavuni mwake.

"Mimi ndiye ninayeandika majina ya watu wa damu," alisema Wilkista. "Siku uliyokuja nilikuwa nimeharibu mashine ya majina. Sikujua, lakini ni mimi. Ulingoja saa mbili."

Caren alimtazama bila kupepesa.

"Na aliyekuwa na damu yako alikuwa hapahapa mlangoni. Nilimchukua mimi nikaondoka naye, kwenda kutafuta dawa ya mashine."

"Ulikuwa naye?"

"Nilikuwa nyuma yake kwa pikipiki."

Caren aligeuza uso akatazama dari. Kwenye kitanda cha pili mwanamke alikohoa, akanyamaza. Wilkista alikuwa amejiandaa kwa matusi, hata kwa machozi.

"Mama mkwe ananiambia nishukuru," Caren alisema mwishoni. "Kila anayeingia hapa ananiambia nishukuru. Wewe ndiye wa kwanza hujaniambia."

"Siwezi kukuambia hivyo."

"Nilitaka watoto wanne." Alisema hivyo kwa sauti ya kawaida, kama anayetaja vitu vya kununua sokoni. "Nina wawili. Sijui kama nimekukasirikia. Nikijua nitakuambia."

"Nitakuwa ofisini. Mlango wa pili kutoka maabara."

Mtoto alijinyoosha, akaanza kulia. Caren alijaribu kujiinua, mshono ukamshika, akauma midomo.

"Nishike mgongo," alisema.

Wilkista aliinuka, akapitisha mkono nyuma ya mabega yake, akamwinua taratibu mpaka akakaa.